Mtoto Wako Akiwekwa Golini, Usimwonee Huruma

Mpenzi msomaji, iwapo umewahi kupita Kanyangi majira ya saa kumi na moja jioni, jua likiwa limeanza kupunguza ukali wake upande ule wa mto Athi, bila shaka umewaona. Ni vijana kumi au kumi na wawili, wengi miguu mitupu, wakifukuzana katika uwanja mwekundu usiojua nyasi. Milingoti ni mawe mawili huku na kandambili mbili kule. Mpira nao ni kazi ya mikono yao wenyewe. Zamani ulisukwa kwa mifuko ya plastiki iliyofungwa kwa kamba ya katani, lakini tangu serikali ilipoipiga marufuku mifuko hiyo mwezi wa Agosti 2017, mafundi hawa wadogo wamelazimika kurudia matambara, na matambara hayarukiruki kama plastiki. Ni sheria njema kwa mbuzi wetu waliokuwa wakiimeza mifuko hiyo na kufa. Kwa wasukaji wa mipira ilikuwa msiba, na sikumbuki aliyewapa pole.

Sasa tazama ni nani amewekwa golini. Si mwenye mpira. Huyo ni mshambuliaji daima, hata akiwa hajui kupiga. Si yule mwenye chenga anayeitwa kwa majina ya wachezaji wa Uingereza. Aliye golini ni mdogo kuliko wote, au mnene kidogo, au yule aliyechelewa kwa kuwa alitumwa maji. Hakuomba kuwa pale. Aliambiwa, “Wewe kaa hapo,” naye akakaa. Bao likiingia, lawama ni yake. Asipofungwa, hakuna anayekumbuka kwamba alikuwapo.

Kisha anafika nyumbani, na huko anakutana na mama. Katika sehemu hizi za Kitui, wewe msomaji wa mjini uelewe, maji si jambo la kufungua mfereji. Ni kuteka mtungi kwa mtungi katika kisima kilichochimbwa kwenye mchanga wa mto mkavu, au kuvizia zamu yako penye bwawa la mchanga, au kulipa mwenye punda. Na katika timu nzima hakuna anayerudi nyumbani mwekundu kama kipa. Washambuliaji wana vumbi la miguuni tu. Yeye analo masikioni, mfukoni, ndani ya shati. Basi mama anamtazama, anautazama mtungi, na amri inatoka: kesho huendi. Au kama unaenda, usikae golini.

Nataka kuzungumza na mama huyo leo, na baba naye akiwa karibu asikilize. Sitamwambia kwamba maji hayana thamani. Ninataka tu kumsimulia habari za mtu mmoja aliyesimama golini, kisha akatoka pale akawa mwalimu wa timu za nchi mbili.

Mtu huyo ni marehemu James Siang'a. Vijana wa leo huenda wasilijue jina hilo, lakini waulize wazee wao. Siang'a alikuwa mnyakaji wa Gor Mahia na wa Harambee Stars katika ile miaka ya 1970, enzi ambazo mchezaji alivaa jezi nzito ya pamba iliyolowa jasho ikawa kama blanketi, na glavu za kipa zilikuwa anasa ya Ulaya. Alikuwa katika kikosi cha Kenya kilichokwenda Kamerun mwaka 1972 kwa fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika. Ilikuwa mara ya kwanza kwa Kenya kufika huko. Wenyeji Kamerun walitushinda 2-1, tukatoka sare ya 1-1 na Mali, kisha sare nyingine kama hiyo na Togo. Tukarudi nyumbani. Mtu asikwambie kuwa hayo yalikuwa matokeo mabaya: mabao manne tu tulifungwa katika mechi tatu, na ilitubidi tusubiri hadi 1988 ndipo tukarudi tena katika fainali hizo.

Ngoja kwanza nikueleze kazi ya kipa ilivyo, maana ndiyo kiini cha maneno yangu. Wachezaji kumi wa timu wanakimbia wakitazama mbele. Kila mmoja anaona mpira, anamwona anayemkaba, na labda mwenzake wa karibu. Kipa peke yake anaitazama migongo ya wenzake wote. Anaona beki wa kushoto amechoka kabla beki mwenyewe hajakiri. Anaona pengo kati ya kiungo na walinzi likipanuka, na anajua kwamba baada ya pasi mbili pengo hilo litakuwa bao. Kwa kuwa hawezi kwenda kuliziba kwa miguu yake, hana budi kuliziba kwa mdomo. Ndiyo maana kipa mzuri husikika mpaka nje ya uwanja: “Rudi! Mtu nyuma! Toka! Wangu!” Kwa dakika tisini hupiga kelele kuliko karani wa mnada.

Hebu nikuulize basi, kazi ya kocha ni ipi? Si ndiyo hiyo hiyo? Kusimama mahali pamoja, kuona uwanja wote, na kuwaambia watu wengine la kufanya wakati wewe mwenyewe huwezi kuugusa mpira. Kipa huyafanya hayo tangu utotoni, bila cheti na bila mshahara.

Wapo wanaopinga. Utasikia vibandani kwamba kipa hajui kushambulia, kwamba atafunza timu kujihami tu. Mimi nawajibu kwa kuwatajia Dino Zoff. Aliinua Kombe la Dunia mwaka 1982 akiwa nahodha na kipa wa Italia, umri wake miaka 40. Miaka 18 baadaye aliifikisha Italia hiyo hiyo, yeye akiwa kocha, katika fainali ya Kombe la Ulaya, na alikuwa akiongoza hadi dakika za nyongeza ndipo Ufaransa wakasawazisha, kisha wakashinda kwa bao la dhahabu. Mwanasiasa mmoja mkubwa wa kwao akamkosoa hadharani, na Zoff akajiuzulu. Kwa hiyo ugumu wa kazi nao tuutaje. Kipa hulaumiwa kwa bao moja, na kocha hulaumiwa kwa yote.

Turudi kwa Siang'a. Alipotundika jezi hakupotea kama walivyopotea wengi wa kizazi chake, ambao leo ukikutana nao kituo cha matatu hutawajua. Alishika ukufunzi. Aliwahi kuifunza Gor Mahia, klabu yake mwenyewe, na Harambee Stars pia. Lakini jina lake lilipaa zaidi ng'ambo ya mpaka, kwa jirani zetu Watanzania, alikoifunza Taifa Stars na, zaidi ya yote, Simba ya Dar es Salaam, Wekundu wa Msimbazi.

Mwaka ni 2003. Simba wako katika Ligi ya Mabingwa wa Afrika. Katika njia yao wanawakuta Zamalek wa Misri, na Zamalek hao si timu ya kawaida. Ndio mabingwa watetezi, waliolitwaa kombe hilo mwaka 2002. Msomaji, wakati huo klabu ya Afrika Mashariki ikipangiwa Wamisri, watu walikuwa wakihesabu mabao ya kufungwa, si ya kufunga. Mechi ya kwanza ikachezwa Dar es Salaam, Simba wakashinda 1-0 kwa bao la Emmanuel Gabriel. Watu wakafurahi, lakini kwa sauti ya chini. Bao moja kwenda nalo Kairo ni sawa na kwenda safari ya Mombasa na nusu tangi la petroli.

Huko Kairo Zamalek nao wakapata 1-0 yao. Mabao yakawa sawasawa, na ikabidi wapigiane penalti.

Hapo ndipo ninapotaka usimame nami kidogo. Penalti ni jambo la kipa. Mpira unawekwa mita 11 kutoka kwenye mstari, lango lina upana wa mita 7.32 na kimo cha mita 2.44, na shuti la nguvu hufika chini ya nusu sekunde. Akisubiri aone mpira unakoelekea, amechelewa. Inambidi asome bega, nyonga, mguu wa kuegemea, macho yanayoiba kutazama kona moja. Golini mwa Simba alikuwa kijana mdogo, Juma Kaseja, ambaye hakuwa mrefu kwa kimo kinachotakiwa na vitabu vya Wazungu. Na kwenye benchi alikaa mtu aliyewahi kusimama mahali pale pale pa upweke, mbele ya umati wa watu wa nchi ya kigeni.

Simba wakashinda penalti 3-2. Kaseja alizuia, na mkwaju wa kuwamaliza Zamalek ukapigwa na Christopher Alex Massawe, ambaye naye ametangulia mbele ya haki mwaka 2015. Mabingwa wa Afrika wakatolewa nyumbani kwao na timu ya Kariakoo iliyofunzwa na mnyakaji wa Kenya. Simba wakaingia hatua ya makundi pamoja na Enyimba ya Nigeria, Ismaily ya Misri na ASEC ya Ivory Coast. Hawakuvuka hapo, lakini kundi lenyewe lilikuwa la moto: Enyimba na Ismaily ndizo zilizokuja kukutana fainali, na Enyimba wakalitwaa kombe.

Nimesikia watu wakisema ushindi ule wa Kairo ulikuwa bahati. Mimi siamini. Timu iliyojua kulinda bao moja kwa dakika tisini ugenini, ikafungwa moja bila kuvunjika, kisha vijana wake wakatembea kutoka katikati ya uwanja kwenda kupiga penalti mbele ya kelele zile bila miguu kutetemeka, hiyo imefundishwa na mtu anayejua hofu hukaa wapi mwilini. Na tazama mbegu ilivyoota: Kaseja mwenyewe, baada ya miaka mingi ya kudaka, naye akawa mwalimu wa makipa, hata wa Taifa Stars.

Siang'a alifariki Septemba 2016 huko Bungoma. Magazeti yaliandika siku mbili tatu, viongozi wakatuma rambirambi, kisha ligi ikaendelea. Sipendi kunung'unika katika kurasa hizi za Jumapili, lakini nitasema hili moja. Tuna kizazi kizima cha watu waliotuchezea bila malipo ya maana, wakiwa wameajiriwa mchana na kufanya mazoezi jioni, na maarifa yao yanazikwa nao. Ni shule ngapi za Kitui zimewahi kumwalika kipa mstaafu kwa alasiri moja tu, aje awaonyeshe watoto namna ya kuanguka bila kuvunja bega? Kuanguka kunafunzwa, msomaji. Mtoto asiyefunzwa huanguka kwa kiwiko na nyonga, na ndiyo hayo majeraha yanayomtia mama hasira.

Labda baba anauliza: sawa, lakini huyo Siang'a alikuwa na viwanja vya nyasi vya Nairobi na Dar es Salaam. Huku kwetu nyasi zenyewe mbuzi hawapati. Mtoto wangu atadakia wapi?

Swali ni zuri, na jibu lake linatupeleka mbali kidogo, hadi Iran. Upo mchezo uitwao futsali. Ulianzishwa Montevideo, Uruguay, mwaka 1930 na mwalimu Juan Carlos Ceriani, aliyetaka vijana wake wapate kucheza kandanda ndani ya ukumbi. Wachezaji ni watano kila upande, kipa akiwa mmoja wao. Uwanja wa mashindano makubwa ni mita 40 kwa 20, yaani mdogo kuliko shamba la ndengu la jirani yako. Muda ni dakika 20 mara mbili, na saa husimamishwa kila mpira unapotoka. Mpira wenyewe ni mdogo na hauruki sana. Hauhitaji nyasi, unahitaji sakafu.

Iran, nchi ambayo sehemu yake kubwa ni kame kuliko hata Kitui yetu, iliushika mchezo huu kwa mikono miwili. Mashindano ya futsali ya Asia yalipoanza mwaka 1999, Iran walichukua kombe, na wakaendelea kulichukua mara saba mfululizo hadi 2005. Kufikia mwaka 2024 walikuwa wamelitwaa mara 13. Katika Kombe la Dunia la futsali nchini Kolombia mwaka 2016 waliwatoa Brazil kwa penalti baada ya sare ya 4-4, kisha wakamaliza nafasi ya tatu kwa kuwashinda Ureno, tena kwa penalti. Wanawake wao nao walikuwa mabingwa wa Asia 2015 na 2018.

Unaona jinsi penalti zinavyojirudia katika hadithi hii? Na palipo na penalti pana kipa. Katika futsali kipa si mtu wa kusubiri tu. Lango ni dogo, upana mita 3 na kimo mita 2, lakini shuti hutoka karibu mno hata hakuna nafasi ya kuruka angani. Kipa hutoka mbele, hupiga goti moja chini, hutandaza mikono na miguu, na kuuziba mwanya kwa mwili wote. Akiudaka mpira hana ruhusa ya kukaa nao zaidi ya sekunde nne katika nusu yake. Mpira ukitoka nyuma ya mstari wake, huurejesha mchezoni kwa kurusha kwa mkono, si kwa teke, na mrusho mzuri ndio mwanzo wa bao. Timu ikibanwa, yeye huvuka nusu na kuwa mshambuliaji wa tano. Kwa ufupi, anayelinda lango la futsali amekwisha kuwa nusu ya kocha, kwa kuwa kila shambulio huanzia katika uamuzi wake wa sekunde nne. Ndiyo sababu sishangai kusikia huko Iran mtu ametoka kwenye milingoti akaingia kufunza futsali. Ni hatua fupi.

Na usidhani mambo haya ni ya Waajemi tu. Mwaka 2025, katika Kombe la kwanza la Mataifa ya Afrika la futsali ya wanawake huko Rabat, dada zetu wa Tanzania walifika fainali, wakashindwa na wenyeji Morocco kwa 3-2 tu. Wakakata tiketi ya Kombe la Dunia la kwanza la wanawake lililochezwa Ufilipino mwishoni mwa mwaka huo. Hao ni watu wa hapa hapa, wanaosema lugha hii hii unayoisoma.

Sasa rudi Kanyangi, uwatazame tena wale vijana wa jioni. Watano kwa watano, au sita kwa sita. Uwanja mdogo, ardhi ngumu, mpira wa matambara usioruka. Kumbe wanacheza futsali kila siku bila kuijua kwa jina! Kinachokosekana ni sakafu. Kijiji kinachoweza kuchangia saruji ya kumwagia ukumbi wa mikutano kinaweza kumwaga kipande kama hicho penye uwanja wa shule, na siku za mavuno kikawa pa kuanikia ndengu. Wala usiseme hayo ni ya kaunti. Tunajua kungoja kaunti kulivyo.

Mpaka sakafu ije, mama, nakuomba mambo mawili. La kwanza, mtengee mwanao shati moja la golini. Moja tu, kuukuu, lisilofuliwa ila Jumamosi. Akirudi alivulie nje, alikung'ute na kulianika kwenye ua, na mtungi wako utabaki salama.

La pili ni magoti yake. Makipa wengi wa futsali hudaka bila glavu, lakini hawachezi bila kinga za magoti, na kinga hizo unaweza kuzishona nyumbani. Chukua kipande cha godoro kuukuu chenye unene wa vidole viwili, ukate kiasi cha kiganja chako kikiwa wazi. Chukua mkono wa sweta iliyopasuka, uukate urefu wa shibiri moja na nusu, uukunje mara mbili na kukitia kile kipande katikati, kisha ushone pande zote. Ncha za juu na chini utie mpira wa kiunoni, ule wa kaptura zilizochakaa, usikaze mno usije ukamzuia damu. Mvalishe, mwambie apige goti sakafuni mara tatu mbele yako. Kinga ikiteleza kwenda chini, punguza mpira kwa upana wa kidole kimoja na ujaribu tena.